Shajara ya Thymian: filamu bubu iliyopita chini ya mikasi ya wenye heshima

Wasichana wameketi kwenye meza ndefu, kila mmoja na sahani yake ya supu. Hakuna anayethubutu kuanza. Mke wa mkuu wa shule amesimama mbele yao, amekaza uso, macho yamemtoka. Anapiga mdundo: vijiko vinachota. Anapiga: vijiko vinapanda. Anapiga: vinywa vinafunguka. Chota, pandisha, meza. Chota, pandisha, meza. Filamu yenyewe ni bubu, haina hata mlio wa kijiko kugonga sahani, lakini mdundo ule unausikia kifuani, na baada ya dakika moja unajikuta nawe umebana pumzi ukisubiri ruhusa ya kumeza.

Filamu hiyo ni Tagebuch einer Verlorenen, yaani Shajara ya Binti Aliyepotea, iliyotengenezwa Ujerumani mwaka 1929 chini ya mwongozaji G. W. Pabst. Jina lake lina mtego. Aliyepotea anaweza kutafutwa akapatikana. Lakini kuna yule ambaye watu wakisema “yule amepotea” wanakuwa wamekwisha funga mlango na kuzima taa. Kijerumani kina maana hizo mbili katika neno moja, kama Kiswahili, na filamu nzima inapita katikati yake: ni nani aliyempoteza binti huyu, na ni nani aliyejisumbua kwenda kumtafuta?

Kwa miongo mingi walioandika juu ya filamu hii wameandika juu ya nywele. Nywele za Louise Brooks, Mmarekani aliyecheza nafasi ya Thymian: nyeusi ti, zimekatwa sawa na taya, zimelala kichwani kama kofia ya chuma. Sina ugomvi na nywele hizo. Ila mimi naona moyo wa filamu uko kwingine, katika urafiki wa wasichana wawili waliokutana kwenye meza ile ya supu, Thymian na Erika. Katika hadithi iliyojaa baba, shangazi, makabaila na akina mama wa hisani, mtu pekee asiyemtupa mwenzake ni huyo Erika, ambaye filamu haikumpa hata jina la ukoo.

Kitabu kilichojifanya si kitabu

Kisa kilianza miaka 24 kabla ya filamu. Mwaka 1905 kampuni ya F. Fontane & Co. ya Berlin, iliyokuwa ya mtoto wa mwandishi mashuhuri Theodor Fontane, ilichapisha shajara ya msichana aitwaye Thymian, binti wa mwenye duka la dawa katika mji mdogo. Thymian ni jina la jani la kiungo ambalo pia ni dawa ya kikohozi, kana kwamba baba alipopata mtoto aligeuka nyuma akasoma maandishi ya chupa ya kwanza aliyoiona kwenye rafu.

Mwandishi, Margarete Böhme, hakujitaja kuwa mtunzi. Alijitaja kuwa mhariri. Alidai kwamba daftari hilo liliachwa na marehemu mwenyewe, na kwamba yeye kazi yake ilikuwa kulipeleka kwa wachapaji tu. Wasomaji wakagawanyika: hawa wakaapa kwamba ni kweli tupu, wale wakasema mwanamke huyu ametunga kila neno. Ubishi ulikuwa mtaji. Kufikia mwishoni mwa miaka ya 1920 kitabu kilikuwa kimeuzwa nakala zaidi ya milioni moja na kutafsiriwa kwa lugha nyingi. Tafsiri ya Kiingereza ilitoka mwaka 1907.

Böhme hakuwa mtoto wa jana. Alizaliwa Husum, mji wa bandari kaskazini mwa Ujerumani, mwaka 1867. Aliolewa na mmiliki wa gazeti, wakatalikiana, akahamia Berlin na binti yake, akawa anakula kwa kalamu. Mwanamke wa namna hiyo, katika Ujerumani ya Kaisari Wilhelm wa Pili, alijua vizuri umbali uliopo kati ya “mama wa heshima” na “mwanamke yule”. Ni hatua chache mno, na mara nyingi anayekusukuma uzipige ni mtu wa nyumbani mwako.

Hapo ndipo kitabu kiliposhtua. Hadithi za wasichana walioangukia danguroni zilikuwa nyingi, lakini kwa kawaida zilianzia kwenye umaskini, ulevi, au mjini ambako shetani anangoja stesheni. Böhme aliianzisha yake sebuleni, kwenye nyumba yenye piano, mapazia safi na duka linaloheshimika mtaani.

Watengenezaji wa filamu waliinusa harufu ya pesa mapema. Mwaka 1918 mwongozaji Richard Oswald, Myahudi wa Vienna aliyepata jina kwa filamu za kuelimisha watu juu ya kaswende na ukahaba, alikigeuza kitabu hicho kuwa filamu akiwa na Erna Morena kama Thymian, pamoja na Werner Krauss na Conrad Veidt. Filamu hiyo imepotea. Mwishoni mwa mwaka huohuo Kaisari alipong'olewa, serikali mpya ya mapinduzi ilifuta udhibiti, na kwa mwaka mmoja na nusu hivi sinema za Ujerumani zikawa soko huria la mambo yaliyokuwa yakinong'onwa. Kisha sheria ya filamu ya Mei 1920 ikarudisha ukaguzi, ikaweka bodi Berlin na München, na juu yao bodi kuu ya rufaa. Filamu iliweza kuzuiwa kwa kuonekana inaharibu maadili au inachafua jina la nchi, na vijana wa chini ya miaka 18 walikingwa zaidi. Tutarudi kwa mabwana hao wenye mikasi.

Mwongozaji na mgeni wake

Georg Wilhelm Pabst alizaliwa Bohemia mwaka 1885, akakulia Vienna. Alikuwa amekwisha jijengea jina mwaka 1925 kwa filamu ya mfumuko wa bei na njaa ya Vienna, ambamo Greta Garbo, akiwa bado msichana, alicheza pamoja na Asta Nielsen. Mwaka 1928 alikuwa anatafuta msichana wa kucheza Lulu katika filamu ya tamthilia za Frank Wedekind. Marlene Dietrich alikuwa karibu kuipata nafasi hiyo. Hapo hapo ikaja habari kwamba Louise Brooks, mcheza dansi wa zamani kutoka Kansas, amegombana na kampuni yake ya Hollywood juu ya nyongeza ya mshahara na yuko huru. Akapanda meli.

Filamu ya Lulu ilitoka Februari 1929, na wahakiki wa Berlin wengi hawakuipenda. Huyu Mmarekani haigizi, walisema, anatembea tu. Pabst hakuwasikiliza, akamwita tena kiangazi kilichofuata kwa ajili ya Shajara.

Ukiangalia orodha ya waigizaji utacheka. Thymian ni Mmarekani asiyejua Kijerumani. Baba yake, Josef Rovenský, ni Mcheki. Rafiki yake, kabaila kijana Osdorff, ni Mfaransa André Roanne. Mkuu wa shule, Andrews Engelmann, alizaliwa Urusi. Kila mmoja angeweza kuzungumza lugha yake mbele ya kamera na mtazamaji asijue, maana maneno yalikuja baadaye kwa maandishi. Familia ile isiyosikilizana ilichezwa na watu ambao kwa kweli walikuwa hawasikilizani. Mwaka uliofuata, sauti ilipoenea, jambo kama hilo lisingewezekana tena.

Brooks aliandika baadaye kwamba Pabst hakuwapenda marafiki zake matajiri wa Kimarekani waliokuwa wakimkesheza, na kwamba siku moja alimwonya: maisha yako ni kama ya Lulu, na yatakwisha vivyo hivyo. Lulu, kwa asiyeijua hadithi hiyo, anafia London kwenye ncha ya kisu.

Kipaimara

Filamu inaanza siku ya kipaimara. Walutheri wa kwetu, ambao kanisa lao lililetwa na wamisionari wa Berlin, Leipzig na Bethel, wataitambua siku hiyo bila kuelezwa: gauni jeupe, shada la maua kichwani, ndugu wamejazana sebuleni, zawadi zimepangwa mezani. Kati ya zawadi hizo kuna shajara yenye kufuli dogo.

Lakini asubuhi hiyohiyo Elisabeth, mwanamke anayeisimamia nyumba, anafukuzwa kazi. Ana mimba. Ya nani? Watu wazima wote wanajua, na wote wanatazama pembeni. Thymian, aliyempenda Elisabeth, anamwuliza kila mtu: kwa nini anaondoka? Baba hasemi. Shangazi hasemi. Hana mama, wala hana somo wa kumketisha na kumwambia dunia ikoje. Anayekubali kumjibu ni mmoja tu, Meinert, msaidizi wa baba dukani, anayechezwa na Fritz Rasp mwenye tabasamu la fisi. Anaichukua shajara mpya na kuandika katika ukurasa wa kwanza: njoo dukani usiku huu saa nne na nusu, nitakueleza yote.

Angalieni ustadi wa Pabst hapo. Hakuna aliyemdanganya mtoto. Walinyamaza tu. Na ukimya wa watu wema ndio uliomfungulia fisi mlango.

Kabla ya jioni maiti ya Elisabeth inaletwa, amejitupa majini. Thymian anakimbia ghorofani kwa baba yake, anamkuta tayari amemkumbatia Meta, mtumishi mpya aliyefika mchana. Anazimia. Usiku, Meinert anambeba. Brooks alisema tukio lile lilipangwa kama dansi, hatua kwa hatua, na ni kweli: hakuna nguo inayovuliwa, hakuna kinachoonekana, na bado ni vigumu kulitazama bila kutaka kuinuka kwenye kiti.

Miezi tisa baadaye kuna mtoto. Baraza la ukoo linaketi, linavunja kufuli la shajara, linapata jina la Meinert. Uamuzi wao ni mwepesi: waoane, heshima irudi. Thymian anakataa, kwa sababu hampendi. Kosa lake halisi ni hilo. Kubakwa kungeweza kufunikwa, kukataa hakufunikiki. Mtoto anapelekwa kwa mkunga wa kulipwa, Thymian anapelekwa shule ya maadilisho, na Meinert? Meinert anarudi dukani kuuza dawa.

Meza ya supu

Neno letu “shule” tulilichukua kwa Wajerumani, na mambo mengi mazuri yalikuja nalo. Hili la shule ya maadilisho linastahili maelezo kidogo, kwa sababu Pabst hakulitunga hewani. Sheria ya ustawi wa vijana ya mwaka 1922 ilitangaza haki ya kila mtoto wa Kijerumani kulelewa vyema, na hapohapo ikaiwezesha mahakama kumchukua kijana anayeonekana “ameharibika” na kumweka chini ya malezi ya lazima. Kwa wavulana, kuharibika kulikuwa zaidi wizi na utoro. Kwa wasichana kulikuwa karibu daima jambo la mwili: alionekana na nani, alirudi saa ngapi, ana mimba ya nani. Mwaka 1928 mwandishi Peter Martin Lampel alitoa kitabu cha ushuhuda wa vijana wa kiume kutoka ndani ya taasisi hizo, na Desemba mwaka huo tamthilia yake juu ya uasi katika shule ya maadilisho ilianza kuonyeshwa Berlin, ikazua kelele nchi nzima. Pabst alikuwa anapiga picha huku magazeti bado yanabishana.

Shule yake ina watu wawili juu: mkuu, mtu mrefu mwenye kipara na mwendo wa kunyatia, na mkewe. Mke anachezwa na Valeska Gert, mcheza dansi wa Berlin aliyejulikana kwa dansi zake za kutisha na kuchekesha kwa wakati mmoja. Usiku anawafanyisha wasichana mazoezi ya viungo wakiwa na mavazi ya kulalia, anapiga mdundo, anaongeza kasi, na uso wake unaanza kubadilika mpaka mtazamaji anatambua kwamba mama huyu wa nidhamu anapata humo kitu ambacho nidhamu ingemkataza mtu mwingine yeyote. Sijaona katika filamu bubu uso unaosema mengi zaidi ya huo.

Ndani ya mahali hapo Erika anamkaribisha mgeni. Edith Meinhard anamcheza bila mbwembwe: msichana aliyekwisha yajua mambo, anayecheka upesi, anayeona mara moja kwamba huyu aliyeingia ni kuku mgeni. Wakuu wanapotaka kuinyakua shajara, Erika na wenzake wanaipitisha mkono kwa mkono. Daftari lililovunjwa kufuli na ukoo mzima sasa linalindwa na wasichana walioitwa takataka. Kisha zogo linageuka uasi, bweni lote linawarukia mkuu na mkewe, na ule mdundo wa supu unawarudia wenyewe mgongoni. Thymian na Erika wanatoroka katika vurugu hizo.

Nje kuna Osdorff, mpwa wa kabaila, kijana aliyeshindwa kila somo na kila kazi mpaka mjomba wake akamkatia posho. Ni rafiki wa kweli wa Thymian, lakini wa aina ile ambayo wote tunaijua: ana moyo, hana mgongo. Thymian anakimbilia kwa mkunga kumchukua mtoto wake. Kwenye ngazi anapishana na mtu anayeshuka na jeneza dogo. Hajui kwamba amepishana na mwanawe.

Ndipo anakwenda alikokwenda Erika, na huko ni danguroni. Hapa Pabst alifanya jambo ambalo wenye heshima hawakumsamehe. Bibi mwenye nyumba ana uso wa nyanya. Wasichana wanacheka pamoja. Kuna chakula, na mtu anakula kwa kasi anayotaka. Mhakiki Siegfried Kracauer, akiandika juu ya filamu hii mwaka 1947, alisema danguro la Pabst linakaribia kuonekana kama mahali pa kupumzikia wagonjwa, na hakusema hivyo kwa sifa. Namwelewa, na hoja ya kwamba nyumba hiyo imepambwa kupita kiasi ni ya haki; Thymian analia na kuzimia mikononi mwa mteja wake wa kwanza, lakini baada ya hapo filamu inaharakisha kutabasamu. Hata hivyo Pabst hakuwa anaeleza danguro. Alikuwa anapima nyumba ya baba kwa kutumia danguro, na nyumba ya baba ikashindwa mtihani.

Tukio linaloumiza kuliko yote liko klabuni. Usiku mmoja wa sherehe Thymian anafanywa zawadi ya bahati nasibu. Mlango unafunguka, wanaingia baba yake, Meta ambaye sasa ni mke, na Meinert. Baba na binti wanatazamana kutoka pande mbili za ukumbi. Hakuna maandishi yanayowekwa hapo. Meta anamshika mzee mkono na kumwondoa.

Baba anakufa miaka mitatu baadaye. Urithi wa Thymian unapatikana, fedha za kuanza upya. Siku hiyohiyo anaona Meinert akimfukuza Meta na watoto wake wadogo kwenye nyumba ambayo sasa ni yake. Thymian anatoa fedha zote, anamkabidhi mdogo wake wa kike, binti wa Meta, ili yasimpate yaliyompata yeye. Osdorff, aliyekuwa amejenga ndoto zote juu ya fedha hizo, anasikia habari na kujirusha dirishani. Mjomba wake, akiwa amechomwa na majuto, anamchukua Thymian chini ya ulinzi wake na kumpa jina la ukoo. Binti aliyepotea sasa ni bibi mkubwa.

Na mabibi wakubwa hukaribishwa kwenye kamati. Chama cha akina mama cha kuwaokoa wasichana waliopotoka kinamwomba ajiunge, kisha kinamchukua kutembelea taasisi wanayoifadhili. Ni ileile. Mkuu ni yuleyule. Analetwa mbele yao msichana ambaye wanasema ameshindikana, ametoroka mara nyingi mno, na msichana huyo ni Erika.

Kamati inatikisa vichwa. Thymian angeweza kunyamaza, kama nyumba yao ilivyonyamaza siku ya kipaimara. Anainuka, anawaambia kwamba naye aliwahi kufungwa humu na anazijua baraka za nyumba hii, anamshika Erika mkono, wanatoka.

Mikasi

Huo si mwisho aliouwaza Pabst tangu mwanzo. Yeye alitaka Thymian abaki katika dunia alimotupwa na aitawale, awe tajiri mwenye danguro la fahari. Katika kitabu Thymian anakufa kwa kifua kikuu, kama ilivyotarajiwa kwa wanawake wa namna yake katika riwaya. Kufa kungekubalika. Kutajirika kusingepita bodini. Kwa hiyo tulichonacho ni mwisho wa tatu, wenye kabaila mzee anayefunga hadithi kwa maneno laini juu ya upendo. Ni sehemu dhaifu ya filamu. Inaonekana ilishonwa kwa uzi wa rangi nyingine.

Haikutosha. Filamu ilionyeshwa Vienna Septemba 1929 na Berlin mwezi uliofuata. Desemba ikapigwa marufuku. Januari 1930 ikaruhusiwa tena, imepungua. Nje ya Ujerumani nako kila nchi ilikuwa na mikasi yake, hata ikawa watazamaji wa miji miwili hawakuona filamu moja.

Filamu hii haina uchi. Meinert anambeba msichana aliyezimia, mlango unafungwa, basi. Kilichowaudhi waheshimiwa ni kuonyeshwa mkuu wa shule, mke wa mkuu, baba mwenye duka na mama mwenye kamati wakiwa upande mmoja wa meza, na mapenzi ya kweli upande mwingine, kwa wale wawili wasio na kwao. Bodi iliyoketi kulinda vijana dhidi ya filamu hii ilikuwa na sura ya ile kamati iliyoketi mbele ya Erika.

Wakati huohuo sauti ilikuwa imefika. Kampuni kubwa ya Ufa ilizindua filamu yake ya kwanza ndefu ya kuzungumza Desemba hiyohiyo, na Aprili 1930 Marlene Dietrich, yuleyule aliyekosa nafasi ya Lulu, akaimba katika Der blaue Engel. Nani angelipa kuona midomo inayotikisika bure? Filamu ya Pabst ilizeeka kabla ya kutimiza miezi sita.

Waliocheza humo walitawanyika vibaya. Kurt Gerron, aliyekuwa mteja mnene mcheshi wa danguroni, alikuwa Myahudi. Alikamatwa, mwaka 1944 akalazimishwa kuongoza filamu ya propaganda ndani ya kambi ya Theresienstadt, kisha akauawa Auschwitz Oktoba mwaka huohuo. Valeska Gert alikimbilia New York akafungua baa. Sybille Schmitz, Elisabeth aliyejitupa majini siku ya kipaimara, alipata umaarufu, akaupoteza, na mwaka 1955 akajiua. Margarete Böhme alifariki Hamburg mwaka 1939.

Brooks alirudi Marekani, Hollywood ikamfungia mlango, na mwaka 1946 alikuwa muuzaji katika duka la Saks, New York. Onyo la Pabst lilielekea kutimia. Lakini mwaka 1955 Henri Langlois, mlezi wa hazina ya filamu Paris, alitundika picha yake kubwa katika maonyesho na kutangaza kwamba hakuna Garbo wala Dietrich, yuko Louise Brooks peke yake. Mwaka uliofuata Brooks alihamia Rochester kwa wito wa mhifadhi James Card, akaanza kuzitazama filamu zake mwenyewe na kuandika. Kitabu chake kilitoka mwaka 1982, miaka mitatu kabla ya kifo chake, na kimeandikwa vizuri kuliko vitabu vingi vya watu ambao kazi yao ni kuandika.

Filamu yenyewe ilibidi iunganishwe upya. Mwaka 1997 wahifadhi wa Bologna na taasisi ya Murnau ya Wiesbaden walikusanya nakala zilizosalia katika hazina mbalimbali na kurudisha vipande vilivyokatwa, na hiyo ndiyo inayoonyeshwa leo. Ukiipata, usikubali wakuambie ni filamu ya nywele. Mtazame Edith Meinhard anapoletwa mbele ya akina mama wale, kabla hajajua ni nani aliyeketi kwenye kiti cha mwisho.